Nani Aliyaona Matawi

Minyororo ndiyo iliyosikika kwanza. Chuma kiligonga chuma, kikanyamaza, kikagonga tena kila gurudumu lilipoingia shimo la kijia cha kuingia kwenye ploti. Makhanu alikuwa amelala chali, macho kwenye mabati, mguu wa kulia umenyooshwa juu ya mto kama mzigo wa mtu mwingine alioombwa kuuchunga. Hakuhitaji dirisha. Mai Mahiu ilikuwa na bredauni kadhaa za kuvuta magari yaliyokwama, lakini moja tu ilikuja na kelele za namna hiyo, nayo ni ya Kahiga.

Minyororo haikumuuma. Kilichomuuma ni kile kilichofuata. Nabalayo alikuwa nje akifua, na msuguano wa nguo ukakoma. Maji yakamwagwa. Kandambili zikaenda langoni, si mbio, ila kwa haraka ambayo Makhanu hakuwahi kuisikia siku alizomwita mkewe amletee beseni la kunawia. Alihesabu hatua. Kumi na nne. Kisha sauti ya Kahiga, nzito, ya mtu asiyedaiwa na saa. Kisha mkewe akacheka.

Kilikuwa kicheko kifupi, cha watu wanaosalimiana. Lakini mtu aliyelala chali miezi kumi na moja hana kazi nyingine ila kusikiliza, na masikio yake huwa makali kuliko akili yake. Makhanu alikigeuza kicheko kile mdomoni kama punje ya mchanga ndani ya ugali. Akaivuta mikongojo, akajiinua, na alipofika mlangoni jasho lilikuwa limemtoka puani.

Kahiga alikuwa akishusha gunia la viazi begani. Mwanamume mpana, kofia ya sufu kichwani, mikono myeusi kwa grisi.

"Niaje, boss. Mguu unasemaje?"

"Unasema bado uko," Makhanu akajibu.

Kahiga alicheka peke yake. Akaeleza kwamba viazi ni vya shangazi yake wa Olenguruone, vimekuja vingi na yeye hana wa kumpikia. Makhanu akasema nyumba ile ilikuwa na viazi. Haikuwa navyo, na wote watatu walijua. Nabalayo aliinama, akalikamata gunia kwa masikio, akaliburuta ndani akimpita mumewe pale mlangoni.

"Nimesikia wakili anatafuta mashahidi," Kahiga akasema. "Mimi niko. Yale matawi niliyatoa kwa lami na mkono wangu huu. Na niliona vile gari ilikugonga."

"Mashahidi tunao," Makhanu akasema. "Wa kutosha."

Kahiga alimtazama, kisha akatupa jicho ndani ya nyumba, kule gunia lilikoelekea. Alilitupa mara moja tu, akalirudisha. Makhanu aliliona jicho lile, akaliweka pamoja na mengine aliyokwisha kuyaona. Hakukuwa na mashahidi wa kutosha. Hakukuwa na hata mmoja.

*

Kesi yenyewe ilikuwa nyepesi kueleza na nzito kuishinda. Makhanu alikuwa fundi wa pancha. Siku ile aliitwa kwenye lori la kabeji lililopasuka gurudumu upande wa Longonot, likasimama nusu kwenye lami, nusu kwenye vumbi. Dereva wa lori alienda kutafuta chai. Makhanu akafanya kama afanyavyo kila mtu katika barabara ile: alikata matawi ya leleshwa, akayalaza nyuma ya lori hatua thelathini, kisha akayapanga ubavuni, upande wa lami, kuzunguka gurudumu alilokuwa akilifungua. Matawi yakiwa barabarani, hata dereva wa mara ya kwanza anajua kwamba mbele kuna shida. Gari dogo aina ya Probox likaja kwa nyuma. Likayapita matawi, likamgonga.

Dereva wa Probox aliandika utetezi wake kwamba hakukuwa na matawi, wala alama yoyote, na fundi alimtokea ghafla katikati ya njia. Polisi walipofika na utepe wao wa kupimia walikuta lami safi. Kulikuwa na sababu. Lori likishaondolewa, matawi huondolewa. Anayeyaacha barabarani hulaaniwa na kila dereva atakayepita. Makhanu alipokuwa amepakiwa kwenye pikapu ya wasamaria kupelekwa hospitali, Kahiga, ambaye bredauni yake ilikuwa ikipita pale, alibaki nyuma akasaidia kulisukuma lori pembeni, kisha akayaokota matawi yote, moja moja, akayatupa mtaroni. Alitenda kama mtu aliyelelewa vizuri. Polisi wakachora walichokikuta, na katika mchoro wao hakukuwa na jani.

Haya yote wakili Cheptanui aliyarudia Jumatano hiyo, ofisini kwake Naivasha, ghorofa ya tatu, jengo lisilo na lifti. Makhanu alizipanda ngazi zile kwa makalio, akijisukuma ngazi moja baada ya nyingine, Nabalayo akimfuata nyuma na mikongojo chini ya kwapa, na wasichana wawili wa saluni ya ghorofa ya kwanza wakamhurumia kwa sauti.

Wakili alikuwa mwanamke mdogo kwa umri, asiyependa kupoteza maneno. "Bwana Makhanu, korti haiulizi nani ameumia. Kwamba umeumia wanaona. Ukisema dereva amekukosea, wewe ndiye wa kuonyesha alivyokukosea. Yeye anaweza kukaa pale akitafuna bigijii. Wewe ukishindwa kuonyesha, yeye anaenda nyumbani."

"Mguu wangu hauonyeshi?"

"Mguu unaonyesha gari limekugonga. Hauonyeshi nani alikuwa na makosa. Hakimu hakuwa huko. Ana karatasi ya polisi, na karatasi haina tawi hata moja." Akafunua faili. Bima walikuwa wametoa ofa: elfu themanini na mambo yaishe. Vyuma vya mguuni peke yake vilikuwa vimegharimu zaidi ya mara tatu yake, na bado daktari alitaka kuvitoa na kuweka vingine. Bila hivyo, goti lisingekunjika tena, na fundi asiyechuchumaa si fundi wa pancha. "Ijumaa ndiyo mwisho wa kupeleka taarifa za mashahidi. Kwa hivyo nauliza mara ya mwisho. Nani aliyaona matawi?"

"Hakuna," Makhanu akasema.

Nabalayo alikuwa ametazama viganja vyake. Cheptanui alimtazama mume, akamtazama mke, akafunga faili polepole, kama mtu anayempa mwenzake nafasi ya kumzuia. Hakuna aliyemzuia.

*

Walirudi Mai Mahiu. Alasiri ile Nabalayo aliketi kwenye kigoda mbele ya mlango akichambua vitunguu vya kibanda chake kwa kisu, vizuri huku, vilivyolegea kule. Makhanu aliketi kwenye kiti cha plastiki, mguu juu ya ndoo iliyopinduliwa. Mitchelle, binti yao wa miaka tisa, alikuwa bado shuleni.

"Kahiga aliyaona matawi," Nabalayo akasema, macho kwenye vitunguu.

"Umejuaje?"

"Si alisema mwenyewe Jumatatu, hapo uliposimama."

"Alisema aliyatoa baadaye. Wewe umejuaje aliyaona kabla sijagongwa?"

Kisu kikasimama. Nabalayo alikiweka chini juu ya gunia. "Kwa sababu mimi pia niliyaona."

Miezi kumi na moja Makhanu alikuwa amelisubiri neno hilo. Alikuwa amelipangia majibu makali, mengine ameyatunga kwa mizani kama shairi, akiyarudia kichwani huku mkewe akimgeuza kitandani. Lakini sasa lilipokuja, majibu yote yakatawanyika.

"Ulisema ulipigiwa simu."

"Nilisema."

"Ukasema ulikuja na boda."

"Nilisema hivyo pia. Ulikuwa hujui kama watakata mguu au wataacha. Ningekuambia nini, Baba Mitchelle? Kwamba nilikuwa kwa gari ya Kahiga?"

"Ulikuwa unafanya nini ndani yake?"

"Nimekaa. Na magunia mawili ya vitunguu kutoka Longonot. Boda ya mzigo ilitaka mia sita. Kahiga alitaka asante."

"Ulikuwa unacheka."

Hapo ndipo Nabalayo alipoinua uso. Alimtazama mumewe kwa muda, na Makhanu akaona jambo likipangika nyuma ya macho yake, kipande kwa kipande.

"Kwa hivyo uliniona."

"Nilikuona. Meno yote nje."

"Ndiyo sababu uliinuka tulipokaribia. Probox haijafika, umechuchumaa kwa gurudumu lako vizuri, mara ukainuka. Nimejiuliza mwaka mzima huyu mtu aliinukia nini." Sauti yake ilishuka badala ya kupanda. "Na kila wiki unaniuliza, nani alikupigia simu, Mama Mitchelle, hebu nikumbushe nani alikupigia. Na ulikuwa unajua."

Makhanu alisema alitaka aambiwe ukweli na mkewe mwenyewe. Alisema mwanamke hachekei mwanamume vile kwa ajili ya vitunguu. Alisema mengine yasiyofaa kurudiwa, na jirani aliyekuwa akianika nguo akaingia kwake na kuuacha mlango wazi kidogo ili asikose.

"Unataka kujua nilichekea nini?" Nabalayo akasema. "Kahiga alikuwa ananihadithia vile alivuta gari ya pasta mmoja kutoka huko Kijabe. Pasta akakataa kushuka. Akakaa kwa usukani, gari imeinuliwa pua juu, na kila wakipita watu anawapungia mkono kama gavana. Hiyo ndiyo nilichekea. Na ningecheka tena. Hapa ndani sijui mara ya mwisho mtu alinichekesha ni lini."

"Hiyo ni hadithi tu. Unaweza kuthibitisha?"

Nabalayo alisimama. Maganda ya vitunguu yalianguka kutoka mapajani.

"Wewe ndiye unadai," akasema. "Leo tumepanda ngazi zote zile tukaambiwa nini? Anayedai ndiye wa kuonyesha. Sasa onyesha. Umenidai mwaka mzima. Nimekosa wapi, na nani, siku gani, nani aliona? Lete shahidi wako. Kama huna, mimi naenda nyumbani kama yule wa bigijii."

Makhanu alitafuta shahidi wake. Kitu alichokuwa nacho ni kicheko cha kutoka langoni, jicho la mara moja, gunia la viazi na hatua kumi na nne za kandambili. Aliviweka vyote pamoja kichwani, na havikutosha kumtia hatiani hata kuku.

Lakini alikuwa na swali jingine, na hilo ndilo lililomkosesha usingizi kuliko Kahiga. Alipolitoa, alilitoa akitazama ndoo.

"Nilipoinuka. Mguu wangu ulikuwa wapi?"

Nabalayo aliinama, akakiokota kisu. "Mmoja ulikuwa ndani ya matawi," akasema. "Mmoja ulikuwa nje. Ulipiga hatua moja."

"Ukisema ndani, yote miwili, nani atajua?"

"Mimi nitajua. Na Kahiga aliona. Ukitaka niseme, nitasema nilichoona."

*

Alhamisi Makhanu alienda kwa mikongojo hadi pale madereva wa bredauni wanapongojea kazi, karibu na vibanda vya chai vya watu wa malori. Ilikuwa mwendo wa dakika kumi kwa mtu mwenye miguu mizima. Yeye alitumia karibu saa nzima, akipumzika kwenye kila nguzo ya stima. Wanaume waliokuwa wakinywa chai walimpisha alipofika, na upishaji huo ulimuudhi kuliko kama wangemtukana.

Kahiga alikuwa chini ya gari. Akatoka kwa mgongo, akaketi kwenye vumbi, akasubiri.

"Nilikudanganya," Makhanu akasema. "Sina shahidi."

"Najua. Kwa nini ulidanganya?"

Wanywa chai walikuwa wamesikia. Makhanu alijua wamesikia. "Wivu," akasema.

Neno lile likatua katikati yao, na mtu mmoja akakohoa ndani ya kikombe. Kahiga alijifuta mikono kwa kitambaa kilichokuwa kichafu kuliko mikono. Akasema kwamba yeye akirudi kwake jioni hupokewa na mbwa, na mbwa mwenyewe ni wa jirani. Kwamba kila alipomwona Makhanu akibebwa, akioshwa, akigombezwa ili anywe dawa, naye pia alipata wivu wake, ila hakumkatalia mtu viazi kwa sababu hiyo.

"Niambie basi," Makhanu akasema kwa sauti ya chini. "Kati yako na yeye. Niapie tu hapa, nitaamini."

Kahiga alitikisa kichwa. "Kortini nitaapa, kwa sababu hakimu ananiuliza juu ya matawi, na matawi niliyaona. Kwako siapi, boss. Nikikuapia leo, kesho utataka Biblia kubwa zaidi. Kesho saa tatu niko kwa wakili." Akarudi chini ya gari, vikabaki viatu tu nje.

Makhanu alibaki amesimama mbele ya viatu vile. Alichokuja kukitafuta alikipata nusu, na nusu aliyonyimwa ndiyo aliyoitaka zaidi.

*

Ijumaa Cheptanui alimchukua Kahiga kwanza. Baada ya nusu saa Kahiga akatoka, akaketi kwenye benchi la koridoni, mlango ukaachwa wazi kwa ajili ya joto. Makhanu na Nabalayo wakaingia.

"Mguu mmoja nje ya matawi," wakili akasema. "Kahiga ameandika hivyo. Sitawaficha: hakimu akikubali, atakukata kwenye fidia. Anaweza kusema thelathini kwa mia ya makosa ni yako, au arobaini. Lakini sasa kuna matawi, kuna mtu aliyeyaona na kuyatoa, na dereva aliyesema hayakuwepo ana kazi ya kujibu. Pesa ya vyuma vipya unaweza kuipata. Jumatano ulikuwa huna kitu." Akavuta kompyuta karibu. "Taarifa yako ya kwanza haisemi kwamba uliinuka. Lazima tuongeze. Uliinuka kwa nini?"

Makhanu alikuwa ameandaa sababu. Angeweza kusema alinyoosha mgongo. Angeweza kusema alitafuta spana. Mgongo na spana havina mwenyewe, visingemwaibisha mtu. Akatazama vidole vya wakili vilivyokuwa vikingoja.

"Kuangalia."

"Kuangalia nini?"

"Mke wangu. Alikuwa ndani ya gari la mwanamume mwingine. Niliinuka kumwangalia."

Vidole havikuandika. "Niandike hivyo? Itasomwa kortini. Watu wa kwenu watakuwepo."

"Andika."

Ikaandikwa. Makhanu akatia sahihi. Kisha ikaja zamu ya Nabalayo. Aliisoma taarifa yake mstari kwa mstari, midomo ikicheza, akaichukua kalamu, akaishikilia juu ya karatasi.

"Wakili, nina swali. Huyu wakili wa bima ataniuliza nilikuwa nafanya nini kwa gari ya Kahiga?"

"Atakuuliza. Tena kwa ubaya, ili uonekane mtu wa kudanganya."

"Mara ngapi?"

"Mpaka hakimu amkataze."

"Na huyu?" Kalamu ikamwelekea mumewe. "Huyu nani atamkataza?"

Cheptanui alitazama kompyuta yake. Sheria aliyosomea haikuwa na kifungu cha hilo. Makhanu akasema, kwa sauti ya kunong'ona, kwamba wangezungumza nyumbani.

"Si nyumbani," Nabalayo akasema. "Nyumbani nimezungumza. Hapa, wakili akisikia, na huyo wa nje akisikia. Mimi nitasimama mbele ya watu waniite malaya kwa Kiingereza kwa sababu ya mguu wako. Nikitoka hapo, naingia kwa korti gani tena?"

Koridoni benchi lililia. Kahiga alikuwa ameinuka, pengine aondoke asisikie, pengine asikie vizuri. Wivu ulimpanda Makhanu, ule ule, haujapungua hata kidogo. Hakuwa amethibitishiwa lolote. Hakuna aliyemwapia. Angeweza kuondoka pale na shaka yake nzima, ni yake, hakuna wa kumnyang'anya, na akalala nayo chali mpaka uzeeni. Alitazama mkono wa mkewe. Kucha zilikuwa zimeingia rangi ya vitunguu isiyotoka kwa sabuni.

Akaitafuta mikongojo, akaacha, akasema akiwa ameketi, kwa sauti ya kufika koridoni.

"Mama Mitchelle. Sina ushahidi wowote juu yako, na sitautafuta. Siku hiyo wa bima akimaliza kukuuliza, umemaliza kuulizwa. Mimi habari ya gari lile sitaitaja tena, hata nikiwa na hasira, hata tukikosana kwa jambo lingine, hata korti ikininyima kila kitu. Na usitie sahihi kwa sababu ya hili. Tia au acha. Mimi nimeshaahidi."